Baiskeli, Punda na Bei: Historia Fupi ya Vyombo Visivyo na Injini

Nimekuwa kimya kwa wiki kadhaa, kazi ilinibana. Leo naomba tuweke kando programu na simu mpya, tuzungumze historia, tena historia ya vitu ambavyo havina betri wala kichakataji na havihitaji intaneti: baiskeli, mkokoteni na punda. Waliokuja kutafuta habari za Linux nivumilieni. Teknolojia ni teknolojia, na namba za kuchezea zitakuwepo za kutosha.

Sababu ya kuchimba habari hii ni moja. Sisi ambao kwetu ni Kiambere, Mbeere Kusini katika kaunti ya Embu, tumekua tukiona mambo mawili kwa wakati mmoja. Kule chini kwenye mto Tana kuna bwawa la Kiambere, la mwisho katika mlolongo wa mabwawa matano ya Seven Forks, lililokamilika mwaka 1988. Mitambo yake ilianza na megawati 144 na siku hizi inahesabiwa kuwa na uwezo wa megawati 168. Huku juu, kwenye njia ya vumbi, kuna mama anayeswaga punda aliyebeba mitungi minne ya maji. Nyaya za umeme zinapita juu ya kichwa chake kwenda Nairobi. Wageni hupenda sana kupiga picha hiyo na kuandika maneno ya huzuni chini yake. Mimi nilitaka kujua jambo rahisi zaidi: yule punda anauzwa pesa ngapi, na ni nani aliyepanga bei hiyo? Halafu nikauliza hivyo hivyo kuhusu baiskeli.

Tuanze na forodha, maana huko ndiko kila kitu hupewa namba. Bidhaa yoyote inayovuka mpaka wa nchi huingizwa katika mfumo mmoja wa kimataifa wa kuainisha bidhaa, ambao unasimamiwa na Shirika la Forodha Duniani na ulianza kutumika tarehe 1 Januari 1988, mwaka ule ule wa bwawa letu. Pikipiki ni 8711. Baiskeli ni 8712, na maelezo yake yanasema wazi kwamba ni zile zisizo na mota. Mkokoteni, uwe wa kusukumwa na mtu au wa kukokotwa na mnyama, uko 8716 pamoja na matrela. Punda aliye hai yuko 0101 pamoja na farasi. Ngozi mbichi ya punda iko 4101 pamoja na ya ng'ombe. Ikumbukeni hiyo ya mwisho, tutairudia.

Mtu anayeandika programu akiona orodha hii anaielewa mara moja. Ni hifadhidata kubwa ambayo kila namba ndani yake ni ufunguo, na mbele ya kila ufunguo kuna kiwango cha ushuru. Tarakimu moja ikibadilishwa Nairobi, bei inabadilika katika duka la Kiritiri, na mnunuzi wa Kiritiri hataona tarakimu ile hata siku moja. Ataona bei tu, iliyoandikwa kwa chaki au kwa kalamu kwenye kipande cha katoni.

Sasa baiskeli. Ile ambayo Wakenya wengi huita Black Mamba ina muundo wa Kiingereza wa mwanzoni mwa karne ya 20: fremu ndefu ya chuma, magurudumu ya inchi 28, breki za vyuma vinavyovutwa badala ya waya, gia moja tu, na keria nzito nyuma. Jina kubwa enzi za ukoloni lilikuwa Raleigh, kampuni ya Nottingham iliyoanza miaka ya 1880. Hapa kuna kisa cha kiufundi ambacho siwezi kukiacha. Raleigh ilikata hesi za sehemu zake muhimu kwa kiwango chake yenyewe, nyuzi 26 kwa inchi, wakati viwanda vingine vya Uingereza vilifuata nyuzi 24. Maana yake, ukishanunua baiskeli yake umefungwa, kwa sababu vipuri vya mhimili wa pedeli na vya shingo ya usukani lazima vitoke kwake au kwa aliyeiga hesi zake. Mnaolalamikia chaja za simu zisizoingiliana, mchezo huo ni mzee!

Baada ya uhuru soko lilielekea mashariki. Atlas ilianza Sonipat mwaka 1951, Hero ya akina Munjal ikaanza Ludhiana mwaka 1956, na China ilikuwa na Flying Pigeon ya Tianjin na Phoenix ya Shanghai. Kufikia mwaka 1986 Hero ilikuwa imeingia katika kitabu cha rekodi cha Guinness kama mtengenezaji mkubwa kuliko wote wa baiskeli duniani. Wote hawa walikuwa wakitengeneza baiskeli ile ile. Muundo wa Kiingereza ulikuwa umegeuka mali ya kila mtu, kama msimbo huria, na fundi aliyeketi chini ya mti sokoni angeweza kutoa pedeli ya kampuni moja akaifunga kwenye baiskeli ya kampuni nyingine bila kuuliza mtu. Kwetu hilo lina uzito kuliko rangi au jina. Nchi ya Mbeere ni nchi ya migunga, na mwiba wa mgunga hauulizi tairi limetoka wapi. Baiskeli ambayo kipuri chake hakipatikani karibu ni chuma cha kuegemeza ukutani, hata kama ilinunuliwa kwa bei nafuu.

Aliyeshinda mchezo ule wa hesi ni nani basi? Raleigh ilifunga uzalishaji Nottingham mwaka 2002. Na Atlas, mmoja wa waliorithi soko, ilisimamisha kiwanda chake cha mwisho huko Sahibabad tarehe 3 Juni 2020, ambayo ni Siku ya Baiskeli Duniani. Ukiandika hadithi ya kubuni yenye tarehe kama hiyo utaambiwa umezidisha.

Turudi kwenye bei. Katika miaka ya 1980 baiskeli ilipoingia Kenya ilitozwa kodi kana kwamba ni kitu cha anasa. Takwimu inayonukuliwa katika ripoti nyingi za usafiri ni kwamba kati ya mwaka 1986 na 1989 serikali ilishusha kodi hizo kutoka asilimia 80 hadi asilimia 20, na mauzo yakapanda kwa asilimia 1,500. Nimeikuta takwimu hii mahali pengi sana, imenakiliwa kutoka ripoti hadi ripoti kama msimbo ambao kila mtu anautumia na hakuna anayethubutu kuufungua. Ongezeko la asilimia 1,500 maana yake ni mara 16. Ukianza na mauzo madogo sana, mara 16 hupatikana bila miujiza, kwa hiyo mimi hiyo namba ya pili siitegemei. Ninayoitegemea ni ile ya kwanza, kutoka 80 hadi 20, maana hiyo tunaweza kuikokotoa wenyewe.

Haya, tuchukue baiskeli ya mfano. Tuseme inafika bandarini Mombasa kwa dola 50, na tuseme bei hiyo ya dola haibadiliki kamwe. Si kweli, lakini inatusaidia kutenga kigeu kimoja tukitazame peke yake. Mwaka 1986 dola ilikuwa takriban shilingi 16. Baiskeli ni shilingi 800, kodi ya asilimia 80 ni 640, jumla 1,440 kabla ya usafiri na faida ya mwenye duka. Mwaka 1989 dola imepanda hadi kama shilingi 20 na nusu. Baiskeli ni 1,025, kodi ya asilimia 20 ni 205, jumla 1,230. Unaona? Dola imepanda kwa zaidi ya robo, na bado baiskeli imekuwa rahisi. Kama kodi ingebaki palepale, mnunuzi angelipa 1,845. Tofauti ya zaidi ya shilingi 600 kwa mkulima wa ndengu na kunde enzi hizo haikuwa pesa ya mchezo.

Lakini furaha hiyo haikudumu, na aliyeiharibu safari hii hakuwa mtoza kodi. Mwaka 1993 Kenya ilifuta leseni za kuagiza bidhaa na kulegeza udhibiti wa fedha za kigeni. Mwisho wa 1992 dola ilikuwa takriban shilingi 36. Mwisho wa 1993 ilikuwa takriban 68. Ile baiskeli yetu ya dola 50 ilitoka shilingi 1,800 ikaenda 3,400 ndani ya miezi 12, kodi bado haijaguswa. Punguzo lote la kodi la miaka ya 1980 lilimezwa na mwaka mmoja wa sarafu. Wachumi watasema leseni zilipoondolewa bidhaa zilijaa na ushindani ukaongezeka, na ni kweli, maduka yalijaa. Tatizo ni kwamba mkulima hulipwa kwa shilingi na baiskeli huzaliwa kwa dola.

Endeleza hesabu hiyo mpaka karibu na leo. Mwaka 2004, dola ikiwa kama 79, baiskeli ile ni shilingi 3,950. Januari 2024, shilingi ilipoporomoka hadi takriban 160 kwa dola, ni 8,000. Katikati ya 2024 shilingi ilipojikokota ikarudi kama 129, hesabu inasema 6,450. Nasema hesabu inasema, kwa sababu ukiingia dukani Embu hukuti mtu aliyefuta bei ya 8,000 akaandika ndogo. Wenye maduka wana sababu zao, mzigo walishaununua dola ikiwa juu, lakini kila anayenunua vitu vya kutoka nje anajua bei hupanda kwa pikipiki na kushuka kwa miguu.

Tangu Januari 2005 kiwango cha ushuru wa forodha hakiamuliwi na Nairobi peke yake, kwani Kenya, Uganda na Tanzania zilianzisha umoja wa forodha wa Afrika Mashariki wenye ushuru wa pamoja kwa bidhaa za kutoka nje. Nairobi ilibaki na vitufe vyake vidogo. Mfano ninaoupenda ni tozo ya kuendeleza reli, iliyoanzishwa mwaka 2013 kwa asilimia 1.5 ya thamani ya bidhaa zinazoingizwa nchini, ili kujenga ile reli mpya ya Mombasa hadi Nairobi iliyozinduliwa mwaka 2017. Kiambere hatuna reli. Anayenunua baiskeli iliyotoka Ludhiana kwa sababu kwao hakuna reli wala matatu ya uhakika amechangia reli. Sisemi reli ni mbaya, nimeshaipanda na ni nzuri. Nasema tu hesabu ndivyo inavyokwenda.

Kigeu kikubwa kilichofuata kilikuwa na injini. Mnajua neno boda boda lilikotoka: miaka ya 1960 huko Busia na Malaba, mpakani mwa Kenya na Uganda, vijana wa baiskeli walibeba watu na mizigo katika kile kipande kati ya kituo kimoja cha mpaka na kingine, wakiita abiria kwa Kiingereza cha kukimbia, mpaka hadi mpaka. Kwa miongo kadhaa boda boda ilikuwa baiskeli. Kiti cha sponji juu ya keria, vyuma viwili vya kukanyagia, basi biashara imefunguliwa. Kisumu na Kakamega nzima ilikwenda hivyo. Halafu mwaka 2008 serikali ikaondoa kodi ya ongezeko la thamani kwa pikipiki zenye injini ya chini ya sisi 250. Mwaka 2005 pikipiki mpya zilizosajiliwa Kenya hazikufika 4,000. Mwaka 2009 zilipita 90,000. Mwaka 2011 zilikaribia 140,000. Ukichora grafu yake inafanana na ile ya simu za mkononi, na ndani ya miaka michache hiyo neno boda boda likahama baiskeli kabisa. Mtoto wa leo ukimwambia boda boda ilikuwa ya kukanyaga anakutazama kama umesema runinga ilikuwa ya kuni.

Siwezi kusema pikipiki ilitudhuru. Mjamzito wa Kiambere anayehitaji kufika hospitali usiku hataki kusikia habari za baiskeli. Muguka nayo, zao linalotia pesa mfukoni Mbeere kuliko mengi, ni jani linalonyauka, na kinachookota majani shambani na kuyawahisha barabarani gari likasubiri kwenda Mombasa ni pikipiki. Lakini angalieni jinsi sera ilivyopangwa. Chombo chenye injini, kinachokunywa petroli iliyonunuliwa kwa dola, kilifunguliwa mlango. Baiskeli haikupata sherehe kama hiyo mwaka ule. Serikali yenyewe ilishtukia baadaye, na sheria ya ushuru wa bidhaa ya mwaka 2015 ikaitwika kila pikipiki shilingi 10,000. Wakati huo vijana walishaacha kukanyaga.

Ikafika Sheria ya Fedha ya mwaka 2023. Humo baiskeli za umeme ziliwekwa katika orodha ya bidhaa zinazotozwa asilimia sifuri ya kodi ya ongezeko la thamani. Nilifurahi, mimi ni mtu wa teknolojia na napenda betri. Kisha nikarudi kwenye ile orodha ya namba. Baiskeli ikishafungwa mota inatoka 8712 na kuhamia 8711, nyumba moja na pikipiki. Yaani aliyepewa nafuu ni yule aliyehama. Aliyebaki 8712, asiyetumia hata wati moja isipokuwa ya ugali, hakutajwa.

Katika 8712 yenyewe kuna kazi nzuri inayofanyika, na nitaitaja haraka kabla hatujafika kwa punda. Shirika la World Bicycle Relief lilianzishwa mwaka 2005, baada ya tsunami ya Bahari ya Hindi, na mmoja wa waanzilishi wake, F.K. Day, ni kati ya walioanzisha kampuni ya vipuri ya SRAM. Baiskeli yao inaitwa Buffalo. Inaunganishwa Kisumu, ina uzito wa kilo kama 23 na imeundwa kubeba mzigo wa kilo 100. Mwaka 2023 walitoa toleo lenye gia mbili lisilo na waya wa gia. Kuna minyororo miwili, na ukikanyaga kinyumenyume kidogo inabadilika kutoka mmoja hadi mwingine. Hakuna waya wa kukatika na hakuna kifaa kinachoning'inia cha kugongwa na jiwe. Mhandisi aliyefikiria hilo aliwahi kuona barabara kama zetu, hilo nina hakika. Lakini ni baiskeli nzito ya kazi na bei yake iko juu ya Black Mamba ya kawaida, ndiyo maana nyingi hufika mikononi mwa watu kupitia miradi ya shule na afya.

Sasa punda, ambaye ndiye aliyenifanya nianze.

Kwa nini nimweke katika orodha ya vyombo? Kwa sababu ndivyo anavyotumika. Nenda Mwea, upande wa Kirinyaga, uone mikokoteni inayobeba mpunga. Ekseli ya gari lililokufa, mbao, matairi mawili, na punda mmoja au wawili mbele. Mkokoteni umeundwa na jua kali, injini imezaliwa zizini. Huku Kiambere, penye mawe na mabonde, mara nyingi hata mkokoteni haupo, ni matandiko na mitungi miwili kila upande.

Chukueni kalamu. Familia ya watu watano, kila mmoja lita 20 kwa siku za kunywa, kupika, kuoga na kufua. Ni lita 100. Mtungi wa lita 20 una uzito wa kilo 20, na mtu mzima hubeba mmoja. Kwa hiyo ni safari tano. Kama maji yako umbali wa kilomita 3, kila safari ni kilomita 6 kwenda na kurudi, jumla kilomita 30. Hakuna anayetembea kilomita 30 kila siku akabaki na muda wa kulima, basi familia hiyo haitatumia lita 100. Itatumia 40. Mlete punda mwenye mitungi minne: safari moja lita 80, na mama akiongeza mmoja mgongoni, lita 100 zimetimia kwa kilomita 6. Kazi hii huku kwetu ni ya akina mama na wasichana, kwa hiyo zile kilomita 24 zilizookolewa ni muda wa mama shambani na wa msichana darasani. Nyanya yangu hakuwahi kuchora jedwali lolote, lakini alikuwa akisema afadhali aibiwe mbuzi watatu kuliko punda mmoja, na nikiangalia hesabu hii naona alikuwa amepiga yake.

Kwa miaka mingi punda alikuwa na bei iliyotokana na kazi hiyo. Anayehitaji kubebewa maji anamnunua kwa anayemzidi, sokoni, kwa makadirio ya miaka aliyobakiza na miguu yake. Ilikuwa bei ndogo, na ilikuwa ndogo kwa sababu hapakuwa na mnunuzi mwingine. Wengi wetu hatuli nyama ya punda. Kwa lugha ya forodha alikuwa 0101 tu, akisaidia 8716.

Mnunuzi mwingine alipatikana. China kuna kitu kinaitwa ejiao, gundi inayotokana na kuchemsha ngozi ya punda, inayotumika katika dawa za asili na vipodozi. Zamani ngozi zilitoka hukohuko. Lakini China ilikuwa na punda takriban milioni 11 mwanzoni mwa miaka ya 1990, na wakulima wake walipopata matrekta na pikipiki wakaacha kuwafuga, idadi ikashuka chini ya milioni 3. Wakati huohuo watu wenye pesa za kununua ejiao waliongezeka. Wanunuzi wakaelekea Afrika. Niger na Burkina Faso zikafunga milango mwaka 2016. Mwaka huohuo Kenya ndiyo ikawa inafungua. Kichinjio cha kwanza kilikuwa Mogotio kaunti ya Baringo, na baadaye vikafika vinne vilivyopewa leseni: Baringo, Naivasha, Turkana na Machakos. Machakos, wenzangu, si mbali na Mbeere. Ni kuvuka Masinga tu.

Ripoti ya taasisi ya utafiti wa kilimo na mifugo, KALRO, ya mwaka 2019 ilihesabu punda 301,977 waliochinjwa kuanzia Aprili 2016 hadi Desemba 2018. Gawanya kwa siku 1,005 na utapata punda 300 kwa siku, kila siku, Jumapili zikiwemo. Ilikuwa asilimia 15.4 ya punda wote. Ripoti ikasema uchinjaji ulikuwa asilimia 5.1 kwa mwaka wakati ongezeko la kuzaliwa lilikuwa asilimia 1.04, na kwamba kwa mwendo huo punda wa Kenya wangeisha kufikia mwaka 2023. Sensa zinaunga mkono mwelekeo huo. Ile ya 2009 ilihesabu punda milioni 1.8. Ile ya 2019, milioni 1.2.

Bei nayo? Ilikaribia kuwa maradufu ndani ya mwaka wa kwanza, na katika masoko mengine iliendelea kupanda. Na hapa ndipo watu wengi hukosea wanaposimulia habari hii. Wanasema bei ikipanda, mfugaji amefaidi. Anayefuga punda wa kuuza, sawa, amefaidi. Lakini mama wa Kiambere si muuzaji wa punda, ni mtumiaji. Kwake bei kupanda ni kama duka la vipuri kupandisha bei ya injini siku injini yako imeharibika. Tena mbaya zaidi, kwa sababu injini yako sasa ina thamani kubwa ikiwa imekufa kuliko ikiwa inafanya kazi. Bei ya kazi ilikuwa imepitwa na bei ya ngozi. 0101 ilikuwa imekuwa 4101.

Kitu kikiwa na thamani kikiwa kimekufa, wizi unafuata. Watu katika kaunti nyingi wakawa wanaamka asubuhi zizi ni tupu, na baada ya kutafuta wanakuta mzoga kichakani, nyama yote ipo, ngozi haipo. Aliyeibiwa hawezi kununua mwingine kwa bei ya zamani, kwa sababu bei ya zamani haipo tena. Waliokuwa wamenunua kwa bei ndogo na kutegemea kununua tena kwa bei ndogo walijikuta wamerudi kwenye mtungi wa mgongoni. Mimi naona hiki ndicho kipindi kibaya kuliko vyote katika historia hii nzima ya bei, kibaya kuliko kushuka kwa shilingi mwaka 1993, kwa sababu baiskeli ikipanda bei hakuna anayekuja usiku kuichuna ile uliyokwisha kununua.

Wenye punda waliandamana, wakapiga kelele mpaka zikasikika. Februari 2020 waziri wa kilimo, Peter Munya, alitangaza kupiga marufuku uchinjaji wa punda kwa biashara. Ule utabiri wa 2023 haukutimia, kwa sababu mstari ulikatwa kabla ya kufika. Lakini haukukatwa moja kwa moja: Mei 2021 mahakama kuu, katika kesi iliyoletwa na kichinjio cha Naivasha, iliibatilisha marufuku hiyo, na mabishano yakaanza upya. Februari 2024 wakuu wa nchi za Umoja wa Afrika walikubaliana kusitisha biashara ya ngozi za punda barani kote kwa miaka 15.

Wengine wataniuliza kama basi bei itarudi ilipokuwa. Baiskeli zikipungua sokoni, kiwanda cha Ludhiana huongeza zamu na baada ya miezi michache kontena linashuka Mombasa. Punda hana kiwanda. Mimba yake ni ya mwaka mzima hivi, huzaa mtoto mmoja, na mtoto huyo hatakiwi kutwikwa mzigo wa maana kabla ya kufikisha miaka mitatu au minne. Punda aliyezaliwa Kiambere mwezi ule Umoja wa Afrika ulipopitisha azimio lake ataweza kubeba mitungi yake minne bila kuumia kuanzia mwaka 2028 hivi.